Sura ya Tisa: Amandina Lihamba na Uwanja wa Watu

Wanahistoria walioandika habari za njia kuu ya misafara, ile iliyotoka Bagamoyo ikapanda milima ya Usagara, ikakata nyika za Ugogo zenye hongo nyingi na maji haba, ikaingia Unyanyembe na kupumzika Tabora kabla ya kugawanyika, mkono mmoja ukishika njia ya Ujiji na mwingine ukielekea Karagwe na Buganda, aghalabu wamehesabu pembe za ndovu, majora ya nguo, shanga na bunduki, na pamoja na hayo, kwa huzuni isiyokwisha, wamewahesabu binadamu waliouzwa; lakini ni wachache waliosimama kuitazama mali nyingine iliyosafiri katika njia hiyo hiyo bila ya kutozwa hongo na machifu wala ushuru na maliwali, nayo ni sanaa ya mtu kusimama mbele ya wenziwe na kuwaonyesha jambo.

Kirangozi wa Kinyamwezi, aliyetangulia msafara akiwa amejipamba manyoya kichwani na kitambaa chekundu mwilini, hakuwa mwonyesha njia tu, bali ndiye aliyeanzisha wimbo ukajibiwa na wapagazi mmoja baada ya mmoja hadi mwisho wa mstari, ndiye aliyejua ni wapi pa kupaza sauti ili kijiji kilicho mbele kipate habari kwamba wageni wanakuja kwa amani, na ndiye aliyejua ni wakati gani wa kumtania mwenye msafara kwa ubahili wake, mbele ya watu, katika wimbo, ambamo tajiri hawezi kukasirika bila ya kujiaibisha. Jioni, mizigo ikishatuliwa na moto ukishawashwa, wale wale waliokuwa mchana kutwa na pembe mabegani waliingia uwanjani wakacheza, na wenyeji wa kijiji wakatoka na ngoma zao wakawajibu. Hapakuwa na jukwaa, wala pazia, wala tikiti, na aliyekuwa mtazamaji saa hii aliweza kuwa mchezaji saa ijayo pasipo mtu kumwuliza kajifunza wapi. Ngoma za nchi hii ya Tabora tunazozijua hadi leo, iwe ni ya Wayeye wachezao na nyoka, iwe ni manyanga, iwe ni Hiari ya Moyo, zote zimebaki na ada hiyo ya uwanja ulio wazi.

Na utani je? Wazee wa Unyamwezi huuhusisha utani wao na watu wa njiani na wa pwani na siku zile za misafara, walipohitajiana kwa chakula, kwa maji na kwa maziko ya waliofia safarini. Mtazame mtani msibani, maana huko ndiko ustadi wake unakopimwa. Jeneza limekwisha kuinuliwa, nyuso zimeinama, wanawake wamejifunika kanga, ndipo anapojitokeza akiwa amevaa koti la marehemu, anakwenda mwendo wa marehemu, anakohoa kikohozi chake, kisha analala chali njiani mbele ya wachukuzi na kudai kwamba mtu huyu haendi popote mpaka deni la kuku wake lilipwe. Wafiwa hucheka huku machozi yakiwatiririka. Mmoja hutoa sarafu, mwingine huongeza, mtani huzihesabu kwa sauti kubwa, husema hazitoshi, na hatimaye huinuka akafungua njia. Huo ni mchezo wa kuigiza uliokamilika, wenye mwanzo na kilele na mwisho, na kila aliyehudhuria amekuwa na sehemu yake ndani ya mchezo huo, hata yule aliyelala jenezani.

Nimeyatanguliza haya ili msomaji aelewe kwa nini kitabu kinachofuata njia ya Tabora kinamtengea sura nzima mwanamke ambaye kazi yake imejulikana zaidi Dar es Salaam. Simwingizi Profesa Amandina Lihamba humu kwa hoja ya nasaba wala ya makao. Ninamwingiza kwa kuwa, baada ya kuyajua vyema majukwaa yenye taa na pazia, na baada ya kupata elimu ya juu kabisa ambayo vyuo vya hapa na vya ng'ambo viliweza kumpa katika fani hiyo, alitumia sehemu kubwa ya maisha yake ya usanii katika majaribio ya kuurudisha uigizaji kwenye uwanja wa namna hii hii, ambamo mwigizaji si bwana wa hadhira bali ni mtu anayewapisha wengine waseme. Na kwa maoni yangu hapana msanii mwingine wa nchi yetu aliyelifanya jambo hilo kwa muda mrefu kiasi hicho, jukwaani na katika filamu, kwa azma ileile moja.

Uzito wa kazi hiyo haupimiki bila ya kukumbuka aina ya maonyesho tuliyorithi kutoka kwa ukoloni. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Waingereza kwa fedha za mfuko wa Carnegie wa Marekani waliendesha mradi wa filamu uliokusudiwa kupima jinsi Mwafrika anavyoielewa sinema na jinsi anavyoweza kufundishwa kwayo habari za safura, kodi na kuweka akiba. Lori likazungushwa nchi kwa nchi, na watu wakatazamwa wakitazama. Lilikuwa ni jaribio, na waliojaribiwa walikuwa ni watazamaji. Baada ya vita kuu ya pili, mwanzoni mwa miaka ya 1950, zilipigwa filamu za Kiswahili zenye hadithi, mojawapo ikiwa ni Muhogo Mchungu, na ndani yake akaigiza kijana aliyepata kuwa mwanafunzi wa skuli ya serikali ya Tabora, Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye watu wengi waliijua sura yake katika kitambaa cheupe kabla ya kulijua jina lake katika vyama vya wafanyakazi na hatimaye katika uwaziri mkuu mwaka 1962. Ninaamini kwamba kazi ile ya kusimama mbele ya kamera haikumdhuru katika siasa. Lakini filamu zenyewe ziliamuliwa na wengine, na mtazamaji hakuwa na la kufanya ila kucheka panapochekesha na kwenda zake.

Skuli nazo zilikuwa na namna yao. Tabora, iliyofunguliwa mwaka 1925 kwa ajili ya kuwalea wana wa machifu, na ambayo Mwalimu Nyerere aliingia mwaka 1937, ilikuwa ni ngome ya malezi ya Kiingereza, na katika malezi hayo mchezo wa kuigiza ulikuwa ni mazoezi ya kutamka lugha ya mtawala kwa ufasaha. Kwamba Nyerere yuyo huyo aliifasiri tamthilia ya Shakespeare, Julius Caesar, na kuitoa kwa Kiswahili mwaka 1963, na Mabepari wa Venisi mwaka 1969, ni dalili ya jinsi wasomi wa wakati ule walivyotaka kuithibitisha hadhi ya Kiswahili. Nayo ilikuwa ni huduma adhimu kwa lugha. Hata hivyo umbo la jukwaa lilibaki lile lile: wanaojua wako juu, wasiojua wamekaa chini gizani.

Mwaka 1967, mwaka wa Azimio la Arusha, ndipo ulipoanza ufundishaji wa sanaa za maonyesho katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na tangu hapo swali likawa ni kwa nani na kwa umbo gani. Jibu la kwanza lililoenea nchini lilitoka, kwa namna ya kupendeza, kwa mtu wa njia yetu ya misafara: Mathias Mnyampala, mzaliwa wa Ugogo, mshairi na mwanasheria, ndiye aliyeitia nguvu ngonjera, mashairi ya kujibizana yanayotongolewa mbele ya watu, na skuli zote zikaichukua kwa kueneza siasa ya Ujamaa. Mnyampala aliaga dunia mwaka 1969 na hakuiona ngonjera ikichoka. Nasi sote tuliosoma wakati huo tunajua jinsi ilivyochoka, mpaka mtoto wa darasa la tano aliweza kutabiri mstari wa mwisho kabla mstari wa kwanza haujaisha, kwa kuwa daima kulikuwa na mjinga anayeuliza na mwerevu anayejibu, na mwerevu hakushindwa hata mara moja. Lihamba aliufanya uhusiano huo wa siasa na sanaa baada ya Azimio kuwa mada ya utafiti wake wa shahada ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Leeds, alioukamilisha mwaka 1985. Sisemi kwamba aliidharau ngonjera. Alikuwa na haki ya kuihukumu kwa kuwa aliijua kutoka ndani.

Tamthilia zake mwenyewe zinaonyesha hatua za fikira hiyo. Hawala ya Fedha, iliyochapishwa mwaka 1980, inatokana na kisa cha Sembène Ousmane wa Senegali, ambaye naye alikwisha kukigeuza kisa hicho kuwa filamu mwaka 1968: mzee asiyejua kusoma anapokea hawala kutoka kwa jamaa yake aliye Ufaransa, na fedha ile, ambayo ingekuwa faraja, inamwingiza katika mikono ya makarani, matapeli na jamaa wenye njaa hata asibakiwe na kitu. Lihamba aliona, na aliona sawasawa, kwamba Dakar na Dar es Salaam zilikuwa na dirisha moja la karani, na mzee mmoja aliyesimama mbele yake akiwa na barakashia mkononi. Harakati za Ukombozi, iliyotoka mwaka 1982, aliiandika pamoja na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya. Na mtu yeyote aliyepata kuandika atajua kwamba kuandika watu watatu tamthilia moja ni kukubali kwamba sauti yako haitasikika peke yake. Katika Mkutano wa Pili wa Ndege, wa mwaka 1992, ndege ndio wanaojadili mambo ya utawala na dhuluma, na msomaji wa fasihi ya Kiajemi hatakosa kumkumbuka Fariduddin Attar, ingawa ndege wa Lihamba wana shughuli za duniani zaidi kuliko za mbinguni. Katika miaka hiyo hiyo ya 1980 alikuwa miongoni mwa nguzo za kundi la Paukwa, lililotunga kwa pamoja kwa kufuata njia ya watambaji hadithi, ambamo msimulizi huita na hadhira huitika, na kazi haianzi mpaka hadhira imeitika.

Lakini jambo ambalo kwalo ningependa jina lake likumbukwe katika mikoa yetu ya magharibi ni lile la Malya.

Malya ni kijiji cha Usukuma katika wilaya ya Kwimba, mkoani Mwanza, na reli inayotoka Tabora kwenda ziwani hupita hapo. Mtu aliyetaka kufika kutoka pwani kwa garimoshi alishika njia ya misafara, kwa maana reli ya kati iliyofika Tabora mwaka 1912 iliifuata kwa sehemu kubwa ile njia ya zamani ya miguu, na Tabora akabadili behewa kuelekea kaskazini. Miaka ya 1982 na 1983, wakati nchi ilikuwa bado haijapumua kutoka katika vita vya kumwondoa Idi Amin, sabuni na sukari zikiwa ni habari ya kunong'onezana, Lihamba, Penina Mlama, yaani yule Penina Muhando wa tamthilia, na mwenzao Eberhard Chambulikazi walikwenda huko si kwa kuonyesha mchezo waliokuwa nao mkobani, bali kwa kuanza bila ya mchezo wowote.

Njia waliyoitumia ilikuwa na ngazi zake, na inafaa izingatiwe kwa utulivu, kwa sababu wengi walioiga baadaye waliruka ngazi za chini. Kwanza walikaa na watu, wakazungumza nao mashambani, vilabuni na majumbani, na vijana mbali na wazee, maana neno la kijana wa Kisukuma mbele ya babake si neno lake lote. Kisha wakayarudisha waliyoyasikia kwa wanakijiji wenyewe ili wayachambue: kwamba vijana hawana kazi wala mahali pa kushika, kwamba wasichana wanapata mimba wakiwa bado skulini na wanafukuzwa, kwamba miradi ya kijiji imetajwa sana katika mikutano lakini haionekani. Kila jambo likaulizwa chanzo chake, na chanzo cha chanzo. Ndipo, na si kabla ya hapo, ikaulizwa: jambo hili tuliseme kwa ngoma gani, kwa wimbo gani, kwa kuigiza namna gani? Usukuma ni nchi yenye vyama vya ngoma vyenye ushindani mkali, Bagika na Bagalu, na hapana mtaalamu wa kutoka chuo aliyeweza kumfundisha Msukuma jinsi ya kuwashika watazamaji wasiondoke. Mwisho wakaonyesha uwanjani, na maonyesho yakakatizwa na majadiliano, viongozi wakiwapo, na yule aliyeigizwa akawa na nafasi ya kujibu.

Fikiri sasa dhima ya mwigizaji mwenye elimu katika mpango kama huo. Sauti yake iliyofunzwa haihitajiki. Mwendo wake wa jukwaani ungeharibu. Jina lake halimvuti mtu yeyote, kwa kuwa hapana anayelijua. Analotakiwa kuwa nalo ni sikio, na subira, na ujuzi wa kutambua kwamba kicheko kilichotokea pale mama mmoja alipomwiga karani wa kijiji ndicho kiini cha mchezo mzima, na kwamba ni wajibu kukilinda kisije kikapotea katika hotuba. Wapo wanaodhani kwamba huku ni kuuacha uigizaji. Mimi ninaona ni uigizaji uliofika mbali zaidi, maana kusimama katikati ya mwanga ni jambo ambalo kila mwenye kipaji hulitamani, ilhali kuutumia ustadi wote ulio nao ili mwanga umwangukie mwingine ni jambo linalotaka nafsi iliyokwisha kujishinda.

Hawakuwa peke yao duniani. Botswana ilikwisha kuanza kampeni za namna hiyo mwaka 1974. Augusto Boal wa Brazili alikwisha kuandika juu ya maonyesho ya wanaoonewa. Na jirani kabisa nasi, Kamiriithu nchini Kenya, wakulima na wafanyakazi walicheza mwaka 1977 mchezo wa Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mirii kwa lugha yao ya Kikuyu, serikali ikaupiga marufuku baada ya majuma machache na Ngũgĩ wa Thiong'o akatiwa kizuizini. Hapa kwetu serikali haikuvunja uwanja. Iliukubali, na katika kukubali huko kulikuwa na hatari ya namna nyingine, ambayo kwa insafu ni lazima niitaje. Baada ya Malya kazi iliendelea mahali pengine, Msoga katika wilaya ya Bagamoyo mwaka 1985, karibu na mwanzo wa ile njia ya zamani, na kwingineko. Lakini kadiri miaka ilivyokwenda wafadhili waliipenda mno njia hii, wakaitaka ifikishe ujumbe wao wa chanjo, wa uzazi wa majira, wa ukimwi, kwa tarehe na kwa bajeti, na ngazi ile ya kwanza ya kukaa na kusikiliza ikawa haina fungu katika makadirio. Makundi mengi yanayozunguka leo kwa lori na spika katika mikoa ya magharibi yanajiita warithi wa Malya. Yakifika mchana, yakacheza alasiri na kuondoka jioni, yamerithi nini? Yule mtu wa Vugiri wa mwaka 1935 angeyatambua kuwa ni jamaa zake.

Lihamba na Mlama hawakukaa kulalamika. Walianzisha kazi ya maonyesho ya watoto, na mwaka 1996 idara yao ikaanzisha TUSEME, mradi wa wasichana wa skuli za sekondari, ambao wanafunzi wenyewe huchunguza yanayowazuia kusoma, hupanga jinsi ya kuyaonyesha, huyacheza mbele ya wenzao na walimu, kisha huunda klabu ya kufuatilia yaliyokubaliwa. Mradi huo ulivuka mipaka na kuenea katika nchi nyingi za Afrika kwa mkono wa shirika la wanawake waelimishaji, FAWE. Msichana anayemwigiza mwalimu wake mbele ya mwalimu huyo huyo anafanya jambo la hatari kuliko mwigizaji yeyote wa mjini. Wenye skuli wanaujua uzito wake, na wazazi pia.

Sasa nije kwenye filamu, ambako mtu angetarajia mwanamke mwenye kazi za namna hii apewe sehemu za kuzungumza sana. Sinema ya Tanzania katika miaka ile ilikuwa hasa mikononi mwa serikali, kupitia Kampuni ya Filamu iliyoundwa mwaka 1968, na vyombo vilikuwa haba, na fedha za kigeni za kununulia mikanda zilikuwa haba zaidi. Filamu iliyotoka nje ya mkondo huo ilitengenezwa kwa urafiki, kwa kukopa kamera na kwa waigizaji kusubiri. Katika hali hiyo ilipatikana Arusi ya Mariamu, mwaka 1985, filamu ya dakika 36 iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge, Mtanzania, pamoja na Ron Mulvihill, Mmarekani, na Lihamba akaigiza humo. Kisa ni cha mwanamke anayesumbuliwa na maradhi ambayo hospitali haikuyapatia tiba, mume akimsihi aende kwa mganga wa jadi, naye akiwa na hofu ya waganga iliyotoka mbali katika utoto wake. Wepesi ungekuwa ni kumcheka mganga, au kumtukuza na kumcheka daktari. Filamu haikufanya hili wala lile, na katika nchi ambayo skuli na misheni vilikuwa vimefundisha kwa nusu karne kuona haya juu ya uganga, staha hiyo ilikuwa ni ushujaa.

Miaka kumi na sita baadaye, mwaka 2001, ilitoka Maangamizi, filamu ndefu, iliyoongozwa na Martin Mhando na Mulvihill, kwa mswada wa Queenae Taylor Mulvihill. Daktari Mmarekani mwenye asili ya Afrika, aitwaye Asira, anafika kufanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili nchini Tanzania, na huko anamkuta mgonjwa, Samehe, ambaye hajatamka neno kwa miaka 20, na ambaye yuko chini ya ulinzi wa bibi wa kale anayetoka katika ulimwengu wa wahenga. Asira aliigizwa na BarbaraO, aliyekwisha kuonekana katika Bush Mama ya Haile Gerima na katika Daughters of the Dust ya Julie Dash ya mwaka 1991, kazi mbili ambazo kila mpenzi wa sinema huru ya watu weusi wa Marekani anazitaja kwanza. Mwanajuma Ali Hassan aliigiza bibi. Na Samehe, mwanamke aliyenyamaza, alikuwa ni Lihamba.

Ninaomba msomaji akae na jambo hilo kidogo. Mtu aliyetumia miongo miwili akiwatafutia wengine nafasi ya kusema anakubali sehemu ambayo ndani yake hana maneno, na ambayo ulimi, chombo cha kwanza cha mwigizaji wa jukwaani, umefungwa. Katika sinema uso huletwa karibu kuliko mtu anavyomkaribia mkewe; kope ikitikisika bila ya sababu, watazamaji wameona. Lihamba hakuucheza ukimya ule kama upungufu, kana kwamba Samehe ni chungu kitupu kinachongoja kujazwa na daktari kutoka ng'ambo. Aliucheza kama mtu aliye na habari nyingi mno na ambaye bado hajampata wa kumwambia, hata mzani ukageuka, na yule mwenye elimu na dawa akawa ndiye anayehitaji kuponywa, kwa kuwa naye ameachwa mbali na wahenga wake na bahari na karne za utumwa. Wanawake hao wawili wakitazamana, mmoja wa pwani hii na mwingine wa pwani ile, hapahitajiki mtu wa kueleza ni njia gani iliyowatenganisha jamaa. Sisi wa Tabora tunaokaa juu ya njia nyingine kama hiyo, yenye miembe iliyoota kando ya kambi za misafara, tunayo sababu ya kuitazama filamu hii kwa macho yasiyo ya mgeni.

Tanzania iliipeleka Maangamizi kushindania tuzo ya Oscar kwa filamu za lugha za kigeni, nayo ikawa ni filamu ya kwanza ya nchi yetu kupelekwa. Ilikuwa ni heshima, na ninaitaja kwa furaha. Ila nina huzuni kwamba filamu ambayo imejadiliwa katika vyuo vya ng'ambo haikupata kuzungushwa katika vijiji vya nchi iliyoizaa, wakati ambapo mikanda ya kukodi kutoka Lagos na Mumbai ilifika kila kituo cha reli. Mhando, ambaye kabla ya hapo aliongoza Mama Tumaini, baadaye alilisimamia tamasha la filamu la Zanzibar kwa miaka mingi, na huko kazi za namna hii zilipata uwanja. Lakini ni uwanja wa pwani, wa juma moja kwa mwaka.

Katika chuo Lihamba alishika madaraka ya ukuu wa idara na ya uamidi, akafundisha kizazi baada ya kizazi cha waigizaji na waongozaji, na katika miaka hiyo hiyo alishiriki katika kazi ya kukusanya maandishi na masimulizi ya wanawake wa Kenya, Malawi, Tanzania, Uganda na Zambia, iliyochapishwa New York mwaka 2007, yeye akiwa ni mmoja wa wahariri watano pamoja na Fulata Moyo, M. M. Mulokozi, Naomi Shitemi na Saida Yahya-Othman. Kitabu hicho kinaanzia na barua ya Kiswahili iliyoandikwa Kilwa mwaka 1711 kwa jina la Sultani Fatima binti Muhammad, kinapita kwa Mwana Kupona na utenzi wake wa mwaka 1858, na kutoka hapo kinafuata wanawake wa hali zote, wenye majina makubwa na wasio na majina, walioimba shambani na waliotoa ushahidi mahakamani, kila mmoja akiachiwa kurasa zake.